Jini wa Dirisha la Jikoni

Shangazi yangu alipohamia kwetu mtaa wa Gerezani alikuja na begi moja, mswala na jini. Jini mwenyewe hatukumwona. Alituambia anakaa kwenye dirisha la jikoni na chakula chake ni ndoto mbaya. Ukiota vibaya, unamsimulia asubuhi kabla hujasema na mtu. Anaila, hairudi tena.

Mume wangu ni fundi wa magari, haamini kitu kisichofungwa kwa spana. Alicheka mpaka akapaliwa na chai.

"Shangazi, huyo anakula na chapati au kavukavu?"

"Kavukavu. Hana ulafi kama wako."

Lakini mume wangu naye alikuwa na ndoto zake. Mara anaota yuko kivukoni Magogoni, pantoni linaondoka, hana suruali. Mara anamwona marehemu baba yake kasimama mlangoni mwa gereji, anamgombeza mbele ya wateja kwa kufunga nati vibaya. Hiyo ilimwamsha kwa kelele.

Asubuhi moja nikamkuta jikoni, kidevu kwenye nondo za dirisha, ananong'ona: "... na abiria wote wananiangalia." Nilirudi chumbani nikajiziba mdomo kwa mto.

Niseme kweli, ndoto zilikoma. Alilala fofofo, na utani juu ya jini ukaisha. Ila baada ya wiki kadhaa nikaona amepoa, hata chai haimalizi. Siku moja akamfuata shangazi, aliyekuwa anachagua mchele.

"Shikamoo, shangazi. Hivi alichokula anaweza kukirudisha?"

"Marahaba. Kitarudije, mwanangu, na kimeshaliwa?"

"Ni mzee wangu. Tangu nimsimulie, haji tena. Bora aje tu anigombeze."

Nilidhani shangazi atamcheka. Akaweka ungo chini.

"Jini wangu mvivu," akasema, "hamalizi sahani. Usimsimulie tena habari za baba yako. Atakuja."

Alikuja Ijumaa alfajiri. Mume wangu alipiga ukelele nikaruka kitandani. Nikawasha taa: jasho linamtiririka, na anacheka huku anafuta macho.

"Kaja! Kanisema mbele ya watu wote, hata shikamoo yangu hakuitikia!"

Kwenye chai alimsimulia shangazi kila neno alilogombezwa. Shangazi akasikiliza mpaka mwisho, akamwambia baba yake alikuwa na haki.