Filamu Bila Sauti za Saida Mbaruku

Saida Mbaruku alikuwa nyota wa filamu, na asiyeamini akaulize katika hoteli ile ya West Bay, huko ughaibuni, alikokuwa akifua mashuka. Wafanyakazi wa pale wametoka nchi chungu nzima, lugha haziingiliani, ndipo wakubwa wakaamua kuwafundisha kazi kwa filamu zisizo na neno hata moja. Wakatafuta mtu ambaye uso wake unasema. Wakampata binti wa Pangani kwenye mashine za kufulia, akimwigiza mpishi mkuu anavyoonja mchuzi, wenzake wameshika mbavu.

Akacheza kunyanyua mzigo bila kuumia mgongo. Akacheza kuteleza kwenye sakafu yenye maji, akaanguka vizuri hata watu wakashangilia. Ya mwisho ndiyo iliyompa jina: mfanyakazi anazidiwa na joto, anashika ukuta, anainua mkono, wenziwe wanamkalisha na kumpa maji. Yale macho yake, wallahi, yangemliza hata mchawi.

"Shoga, wewe utafika mbali," Husna wa Unguja alimwambia. Walikuwa wakilala chumba kimoja kule Al Rayyan.

Hakufika popote. Mwezi wa Agosti kiyoyozi cha chumba cha kufulia kiliharibika, na hakuna aliyejali. Saida akashika ukuta, akainua mkono. Supavaiza Augustine alikuwa amesimama mlangoni.

"Cheki Saida ameanza sinema!" akasema, na chumba kizima kikacheka. Kuna hata aliyepiga makofi. Walipoacha kucheka, Saida alikuwa chini, na hakuamka tena.

Mzaha mzaha hutumbuka usaha, wanasema. Usaha wenyewe ulimtumbukia nani? Augustine bado ana cheo chake, anakula wali wake na kujichokonoa meno. Husna, aliyehamishiwa kazi ya kupokea wafanyakazi wapya, ndiye aliyeambiwa naye bila haya, "Dada Husna, wawekee ile ya joto. Hiyo iko poa sana."

Akaiweka. Wapya wakatazama, Wanepali, Waganda, Wafilipino. Saida akashika ukuta. Akainua mkono. Husna akaizima.

"Huyu amekufa!" akawaambia kwa Kiingereza chake cha kuokoteza. "Aliinua mkono hivi hivi, wakamcheka. Nyinyi msiinue mkono. Pigeni kelele!"

Wengine hawakumwelewa, wakabaki kutazamana. Basi akapiga ukelele, ule wa msibani, uliomkaa kooni tangu Agosti. Msichana mmoja wa mbele akamfuata, kisha mwingine, mpaka chumba kizima kikawa kinapiga mayowe.

Mlango ukafunguliwa kwa kishindo. Augustine akaingia anahema, shati limemchomoka.

"Kwani nini imetokea? Nani ameumia?"

Husna akamtazama juu mpaka chini.

"Kumbe mbio unazijua," akamwambia.