Makomredi wa Sebuleni Kwangu

Mume wangu ni mwalimu wa sekondari hapa Bariadi. Alihamishiwa kutoka mkoa mwingine, na alikuja na dini yake. Akisikia nikiiita hivyo hununa, lakini sina jina jingine la jambo linalowakusanya wanaume watano sebuleni kwangu kila Jumapili mchana kunywa chai yangu. Ni wakomunisti, ila si wale unaowajua. Wale wengine wote, kwa maelezo yao, ni wasaliti: mapinduzi ya Urusi yaliuzwa na makarani, Ujamaa wetu ulikuwa kiinimacho, na ukombozi wa kweli utakuja siku wafanyakazi wa dunia nzima watakaponyanyuka kwa pamoja. Hata kuitana ndugu walikataa, eti ni neno la chama tawala. Wanaitana komredi.

Zamani walikuwa wengi zaidi. Kila walipotofautiana walifukuzana, na waliobaki wakatangaza kwamba sasa kundi limetakasika. Mimi nilipunguziwa vikombe vya kuosha, na hiyo ndiyo faida pekee niliyoipata katika mapinduzi.

Msimu wa pamba uliopita, Jumapili moja makomredi wakiwa sebuleni, hao wafanyakazi wa dunia walibisha hodi. Alikuwa mdogo wangu, kibarua katika kiwanda cha kuchambua pamba. Vumbi la mle ndani lilimpa kikohozi kisichokatika, yeye na wenzake. Waliomba barakoa, wakaambiwa anayeona vumbi aende kwao. Basi wakagoma, wakakaa nje ya geti.

"Mwadila, shemeji," alimsalimia mume wangu, akipiga goti kidogo kama tulivyolelewa. "Sisi kuongea na mabosi hatujui. Ninyi mmesoma haya haya mambo. Njoni kesho msimame na sisi getini, basi. Tukiwa peke yetu watatufukuza."

Nilidhani watagombania viatu mlangoni kwa hamu ya kwenda. Kumbe walikuwa na swali: mtu anayefanya kibarua msimu wa pamba, kisha akarudi Lalago kulima kwa mama yake, ni mfanyakazi halisi au ni mkulima mwenye mali? Mali yenyewe ni majembe ya mkono na ng'ombe wawili waliokonda. Walibishana mpaka chupa ya chai ikakauka, mdogo wangu amekaa pale pale mbele yao, anakohoa. Wakapiga kura. Wawili walitaka kwenda, wawili walikataa. Mume wangu hakunyoosha mkono upande wowote. Alisema suala halijaiva.

Getini nilikwenda mimi, na ndoo ya uji. Wale wawili waliotaka kwenda nao walibaki nyumbani, kwa sababu nidhamu ya kundi haikuwaruhusu. Haikupita wiki, kiwanda kikaleta vibarua wengine kwa lori, na mdogo wangu akafukuzwa pamoja na wenzake. Jumapili iliyofuata makomredi walikutana kuuchambua mgomo, wakaona ulikosa uongozi. Walisema hivyo bila aibu, midomo imejaa maandazi yangu. Niliwachukia siku ile, na sijaacha.

Mdogo wangu amerudi Lalago na kikohozi chake. Akija mjini hutuletea michembe, viazi alivyovikausha mwenyewe, na humkabidhi shemeji yake kwa mikono miwili. Mume wangu huipokea, humuuliza habari za huko, kisha huila yote.