Nyimbo za Ndani Nilizozipeleka Ukumbini

Mwanangu, wewe unayeanza utafiti wako, kwa miaka mingi nimewaambia watu kwamba shangazi aliniruhusu. Niliwaambia wasimamizi wangu, nikamwambia mume wangu, mwisho nikakaribia kuamini mwenyewe. Leo nakiri: hakuniruhusu, kwa sababu sikumwomba.

Nakumbuka mchana ule hapa Guangzhou, China, nikiwa mwanafunzi wa uzamivu mwenye miwani mipya na maneno marefu. Shangazi yangu ni kungwi kule Nachingwea, kusini mwa Tanzania. Likizo iliyotangulia niliingia naye ndani kwa wali, wasichana wanaofundwa, nikarekodi nyimbo zake za unyago za Kimwera kwa simu niliyoificha kwenye khanga. Nilijiambia nauokoa utamaduni. Utamaduni wenyewe haukuwa umeniita.

Siku hiyo chuo kilimwalika Mama Ruby, Mwaborijini, yaani mwenyeji wa asili wa Australia. Kazi yake ni kuwafundisha watoto lugha ya mababu zao, ambayo wazee wanaoijua wamebaki wachache. Alituimbia wimbo mmoja, akaukatisha katikati.

"Nimeruhusiwa kufika hapa," alisema. "Kinachobaki ni cha wazee wangu."

Nikamhurumia moyoni: maskini, utafiti wake haujakamilika!

Zamu yangu ikafika. Nikaziweka nyimbo za shangazi kwenye spika kubwa, zote, na tafsiri ukutani. Ukumbini walikuwepo wanafunzi wenzangu na wafanyabiashara wa kwetu. Baba Neema, mnunuzi wa magauni pale soko la nguo la Shisanhang, akapiga mluzi.

"Dada daktari, hebu rudisha pale pa kiuno!"

Wanaume wakaangua kicheko. Sauti ya shangazi, iliyokuwa ikimfunda binti aliyejifunika shuka, ikaendelea kuimba katikati ya kicheko kile. Mama Ruby aliziba masikio, akatoka.

Nilimfuata kwenye korido.

"Kwenu wanaume husikia nyimbo hizi?"

"Hapana, ila hii ni taaluma."

"Nani alikuruhusu?"

"Shangazi mwenyewe."

"Vizuri. Mpigie basi, nimshukuru."

Kesho yake rekodi zile zingewekwa kwenye tovuti ya chuo, dunia nzima isikie, jina langu likiwa juu. Kabla sijakwambia nilichojibiwa, acha nikuusie sasa, maana baada ya simu ile sina la kuongeza. Ukirudi kwenu kukusanya lugha na elimu ya wazee, kaa chini uombe. Ukinyimwa, shukuru uondoke. Wazee si ghala la tasnifu yako. Na Mungu akujalie, mwanangu, masikio yanayovumilia kusikia "hapana".

Nilipiga. Nikamweleza shangazi yote kwa Kimwera, harakaharaka, nikidhani Mama Ruby hataelewa. Alikuwa akiusoma uso wangu.

"Wanaume wamesikia?" shangazi akauliza.

"Wamesikia."

"Wakacheka?"

Nikamgeuzia Mama Ruby mgongo.

"Nilijua unarekodi," shangazi akasema. "Nilingoja uniombe. Mpaka unapanda basi nilikuwa nangoja. Ungeomba, ningekukalisha nikufundishe, uwafunde wengine nitakapokufa."

"Nisamehe, shangazi."

"Futa."

Nikafuta, yeye akiwa bado kwenye simu, nikamwambia tayari.

"Haya. Nyumbani njoo, mwanangu, ule, ulale. Ndani hutaingia tena."