Harusi Niliyoihamishia Katesh

Harusi ilikuwa ifanyike nyumbani kwetu Maretadu, na mimi mwenyewe ndiye niliyepachagua. Nilimwambia baba jioni moja akipukuchua mahindi kwamba nataka kufungia ndoa kanisani kwetu, kisha watu waje kula na kucheza mbele ya nyumba yetu. Aliliweka gunzi chini, akatoka nje, akaanza kupima eneo kwa hatua.

Mbele ya nyumba kulikuwa na shamba la maharage. Baba aliyang'oa yakiwa na maua. Alisawazisha udongo kwa jembe, kisha akawafunga ng'ombe gogo zito wakalivuta huku na huku mpaka ardhi ikawa ngumu. Mama naye alichukua udongo mweupe akaanza kupaka ukuta wa nje, kipande kwa kipande, kila akimaliza kazi za shambani.

Mimi wakati huo nilikuwa fundi cherehani Katesh. Mchumba wangu alitoka Basotu, kwenye familia ya wafugaji. Alikuwa amefanya kazi ya ufundi wa matrekta kwenye mashamba ya ngano, na mashamba yalipoanza kupewa watu binafsi akaachishwa, akafungua duka la vipuri mjini. Mkoa wa Manyara ulikuwa mpya. Hatukuwa watu wa Arusha tena, na pale Katesh kila mwezi kulikuwa na jengo jipya. Mojawapo lilikuwa ukumbi wa sherehe wenye vigae sakafuni na viti vya plastiki vilivyovalishwa vitambaa. Ukikodi ukumbi, ulipewa mpiga video pia.

Nilialikwa pale kwenye harusi ya mteja niliyemshonea gauni. Wiki mbili baadaye akatuita kwake kuangalia mkanda. Tuliurudia mara nne. Wanawake walikuwa wakipiga kelele, "Simamisha hapo! Mwoneni huyu anavyotafuna!" na picha inasimamishwa, tunamcheka mtu mdomo ukiwa wazi. Nilicheka kuliko wote. Nikiwa njiani kurudi chumbani kwangu nikamkumbuka mama.

Mama alikuwa na uvimbe wa tezi shingoni, wa kujaa kiganja na kuzidi. Alikuwa nao kabla sijazaliwa. Nilipokuwa mdogo nililala mkono wangu ukiwa juu yake, kwa sababu ulikuwa laini na una joto. Kijijini kwetu wanawake kadhaa walikuwa nao na hakuna aliyegeuka kuutazama. Lakini nilijua sasa jinsi watu wa Katesh wanavyoangalia mkanda.

Jumamosi iliyofuata nilipanda gari kwenda nyumbani. Nilimkuta baba amesimama katikati ya uwanja wake.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Njoo uone. Hapa utakaa wewe na mwenzako, pale wazee."

"Baba, nimefikiri tena kuhusu mahali pa harusi."

"Mahali gani? Harusi ni hapa."

"Barabara ni mbaya. Mvua ikinyesha magari hayatapanda."

"Mwezi huo hakuna mvua. Umezaliwa hapa, hujui?"

"Hakuna umeme."

"Parokiani wana jenereta. Nimeshaomba."

"Wageni watakuwa wengi."

Akanyoosha mkono juu ya ule uwanja. "Wote watakaa. Nimepima."

Sababu zikaniishia. Mama alikuwa mlangoni na ndoo yake ya udongo mweupe. Sitasema kwamba sikumwona. Nilimwona kabla sijafungua mdomo.

"Kutakuwa na video, baba," nikasema. "Hapa mama ndiye mwenye nyumba. Atazunguka kila mahali kukaribisha watu na kamera itamfuata. Watu wataangalia ile shingo, hawataniangalia mimi. Ukumbini kila mtu ana kiti chake."

Baba aligeuka akamtazama mama shingoni. Miaka yote waliyoishi pamoja sikuwahi kumwona akimtazama hivyo, na baada ya siku hiyo nilimwona akifanya hivyo mara nyingi, hata wakiwa wanakula. Jicho lile nilimpa mimi.

"Na mimi nitakaa wapi?" mama akauliza.

"Nyuma kidogo, mama. Karibu na mlango, upate hewa."

"Na pale mbele, na baba yako?"

"Shangazi."

Mama aliinama, akachovya kitambaa kwenye ndoo. "Shangazi yako ana shingo nzuri," akasema, na akaendelea kupaka ukuta.

Mchumba wangu aliniuliza jambo moja tu: "Mzee amekubali?" Nikamjibu kwamba amekubali.

Siku ya harusi ndugu na majirani waliletwa kutoka Maretadu kwa lori la mazao. Mlangoni kulikuwa na kijana wa ukumbi anayedai kadi. Kwetu hakuna anayeingia harusini kwa kadi, kwa hiyo wengi hawakuwa nazo. Bwana harusi alikuja kuninong'oneza kwamba kuna wazee wamesimama nje juani na watoto wamepanda madirishani kuchungulia.

"Nafasi imejaa," nikamwambia. "Wapelekewe chakula hukohuko."

Mshereheshaji akaomba kuwaona wazazi wa bibi harusi. Baba alisimama na shangazi. Shangazi alikuwa na kilemba cha bluu nilichomshonea mwenyewe, alipunga mikono miwili, watu wakapiga vigelegele. Ikaja keki. Nilimlisha baba, akameza bila kuniangalia. Nikamlisha shangazi, na mshereheshaji akapaza sauti, "Uchungu wa mwana aujuaye ni huyu hapa, mama mzazi!"

Ndipo mama mkwe wangu aliposimama. Alikuwa amevaa shuka lake na bangili za shaba, na Kiswahili chake kilikuwa kifupi. Hakuhitaji kipaza sauti.

"Huyu si mama yake. Mama yake nilikula kwake. Yuko wapi?"

Mshereheshaji alidhani ni utani, akacheka. Mama mkwe akatembea katikati ya meza mpaka nyuma kabisa. Mpiga video akamfuata na taa yake. Mama alikuwa kwenye kiti cha mwisho, amejifunga khanga mpaka kidevuni kwenye joto lile.

"Dada, simama. Twende mbele."

"Umenifananisha," mama akasema. "Mimi ni jirani. Nimekuja kusaidia kupika."

Mama mkwe alimtazama, kisha akanitazama mimi. Alikaa chini kwenye vigae karibu na kiti cha mama, akatugeuzia mgongo sisi tuliokuwa meza kuu, na hakuondoka hapo mpaka mwisho. Nilimwashiria mpiga video arudishe kamera kwangu. Akarudisha.

Sikulia. Nilikasirika. Nilimkasirikia mama kwa kuwa na khanga shingoni, nilimkasirikia mama mkwe kwa kuniharibia siku, na gauni lilinibana.

Mama mkwe hakuwahi kuniita mwanangu. Kila nilipokwenda Basotu aliniketisha mbele ya wanawake wenzake na kunitambulisha: "Huyu ndiye aliyemficha mama yake." Wanawake wale walikuwa wakiniambia karibu, kisha wanaendelea na maongezi yao kwa lugha ambayo sikuijua. Mume wangu hakunitetea hata mara moja, na alipokuwa na hasira alilitumia neno hilohilo.

Kule Maretadu baba alilima tena ule uwanja, lakini udongo aliokuwa ameushindilia ulikataa. Maharage yalitoka ya manjano misimu miwili. Mama alifanyiwa upasuaji baadaye, bila kunipa habari. Niliposikia kwa mtu sokoni, alikuwa amesharudi nyumbani na kidonda kimekauka.

Nilikwenda kuomba radhi. Nilipiga magoti.

"Kwa lipi?" akauliza. "Harusi ilikuwa nzuri. Watu walikula."

Bado ninakwenda. Akiniona ninakuja, anamwita mke wa kaka yangu kwa ukali kama zamani alivyokuwa akiniita mimi: we, lete maji, ondoa hao kuku, hukuosha sufuria? Mimi ananipangusia kiti kwa upindo wa gauni lake. Ninaletewa chai kwenye kikombe chenye kisahani. Nikishika ufagio ananinyang'anya taratibu, anasema nitachafuka. Jua likianza kushuka ananisindikiza mpaka barabarani, ananipa mkono, na kunishukuru kwa kuacha kazi zangu nikaja kuwatembelea.