Mtaa wa Mafundi Hauhami

Nyumbani walimwita Profesa, ingawa hakuwahi kufundisha darasa lolote. Alikuwa mchumi katika ofisi ya mipango, na kazi yake ilikuwa kuchunguza kwa nini mji mmoja unachanua na jirani yake unasinyaa. Mama yake aliwaambia wageni, "Huyu binti yangu analipwa kutazama watu wakifanya kazi," kisha akacheka mpaka machozi yakamtoka.

Mwaka mmoja mkurugenzi wake aliamua mafundi wa samani wahamishiwe nje ya mji, kwenye eneo jipya lenye nafasi tele. Profesa akapinga. Mkurugenzi akakunja uso.

"Mama, pale mtaani kwao ni vumbi, kelele na msongamano. Unatetea nini?"

"Natetea huo huo msongamano, bosi. Twende ukaone."

Wakakuta kabati likitengenezwa. Mpasua mbao alimkabidhi vipande mchongaji wa ng'ambo ya barabara. Mchongaji akaishiwa gundi, akapiga mluzi, jirani akamrushia kopo. Milango ikabebwa mabegani hadi kwa fundi wa kupaka vanishi. Msumeno wa mmoja ulipogoma, alihamia kwenye mashine ya mshindani wake kama ya kwake.

"Ukiwatawanya," Profesa alisema, "kila mmoja atahitaji mashine yake, gari lake na mtu wa kumfundisha. Hapa ukipaza sauti tu, umepata."

Mkurugenzi alivua koti akaanza kuwauliza mafundi maswali mwenyewe. Mpango ukabadilishwa. Mtaa ukabaki, ukapata mitaro, umeme wa uhakika na njia ya malori.

Aliyekasirika ni mdogo wake Profesa, aliyekuwa amenunua kiwanja kule nje akitarajia wapangaji.

"Dada, umenimaliza! Hata kuninong'oneza?"

"Ningekunong'oneza, ningekuwa mchumi wako, si wa mji. Lakini wasaga nafaka wanatafuta uwanja wa kuanikia. Kaongee nao, acha kununa."

Alinuna wiki nzima, halafu akaenda. Kiwanja kikapata wapangaji, na salamu zikarudi.

Sasa Profesa anashughulikia mji wa jirani, uliosinyaa tangu kiwanda cha nguo kifungwe. Washonaji wamebaki, kila mmoja kajifungia chumbani kwake. Amewatafutia ghala moja kubwa, na juzi alikuwa humo, mikono ya shati kaikunja, akibishana na fundi umeme kuhusu mahali pa kuweka soketi za vyerehani.