Kasata Iliyommwagikia Mama Mkwe

Nianze kwa kukiri kwamba video ipo na wengi wenu mmeshaiona, kwa hiyo sina cha kuficha: yule jamaa wa suti ya kijivu aliyebaki ameshika bakuli tupu mbele za watu, ni mimi.

Mchumba wangu Lucia ni Mtaliano wa Sisilia, tulikutana kazini (wote wauguzi, wodi moja, Croydon), na mwaka jana mama yake akapanda ndege kuja kuniona mimi na ndugu zangu kabla hajasema ndiyo au hapana. Ndugu yangu hapa London ni mmoja tu, Shangazi Edina wa Thornton Heath, kwa hiyo shughuli ikawa sebuleni kwake, pilau ikapikwa, wanajumuiya wakaalikwa, na mimi, ambaye ningeweza kununua keki dukani kama watu wenye akili, nikatangaza kwamba nitapika kasata kwa mikono yangu. Kasata ni keki ya kwao: unapanga vipande vya keki laini ndani ya bakuli, unajaza jibini nyeupe iitwayo rikota iliyochanganywa na sukari, unafunika kwa keki nyingine, unaiacha kwenye friji ishike, kisha unaipindua kwenye sahani na kuipamba.

Maelekezo yalisema rikota ichujwe kwenye kitambaa usiku kucha. Mimi nilifika kwenye mstari huo Jumapili saa tatu asubuhi, wageni wanakuja saa nane. Nikajiambia, maji kidogo yatamdhuru nani? Nikaichanganya hivyohivyo, ikawa nyepesi kama uji wa mgonjwa, nikaongeza sukari nikidhani itashika (wapishi mnacheka, najua, sukari ndiyo iliyozidi kuilegeza), halafu nikalowanisha keki kwa sharubati ya machungwa, nikaona kikombe kimoja hakitoshi, nikamimina viwili. Shangazi alichungulia akauliza kama hiyo ni keki au supu. Kwa heshima zote nikamwomba ashughulike na pilau yake.

Mama Concetta alikuja na gauni la hariri la bluu iliyokoza, alilojishonea mwenyewe kwa ajili ya siku hiyo. Alikula pilau akaongeza, akatabasamu, mambo yakawa mazuri mno, na labda hilo ndilo lililonipa kiburi, maana ningeweza kuipindulia kasata jikoni mlango ukiwa umefungwa. Hapana. Nikaileta mezani, mbele yake, nikafunika bakuli kwa sahani, nikapindua, nikainua.

Ilisimama. Watu wakaanza kupiga makofi. Kisha ubavu mmoja ukafunguka taratibu, rikota ikatoka, ikavuka sahani, ikavuka kitambaa cha meza, ikamwagika mapajani kwa mama mkwe, na nyuma yake kikafuata kipande cha keki na cheri moja niliyokuwa nimeitia ndani. Makofi yakakatika. Nikanyakua leso nikaanza kumfuta, mpaka nilipokumbuka ninayemfuta mapaja ni nani, nikaruka nyuma kama niliyeungua.

Mimi nilikuwa nimeshaanza kufikiria nitakavyoomba kubadilishiwa zamu ili nisikutane na Lucia wodini.

Mama Concetta akachota ile rikota kwa kidole, akaonja, akaniangalia, akasema maneno marefu ya Kitaliano bila kupepesa macho. Shangazi akamwomba Lucia atafsiri. Lucia alijiuma midomo kwanza.

“Anasema binti yake anakupa,” akaniambia. “Ila jikoni usiingie.”

Shangazi alicheka mpaka akashika ukuta. “Mwanangu,” akasema alipopata pumzi, “leo umepata jiko na umefukuzwa jikoni, siku hiyohiyo.”

Tulifunga ndoa mwezi wa tano, keki ya harusi aliipika mama mkwe, na mimi sikuruhusiwa hata kuibeba. Kazi yangu nyumbani ni kuosha vyombo, na naapa nitabaki hapohapo kwenye sinki. Wewe unayetaka kumfurahisha mama mkwe, mpelekee maua. Hata ukiyaangusha, yanaokoteka.