Mkwe Aliyeikimbia Televisheni

Ambindwile wa Ikuti hakuwahi kuonja pombe, lakini ulevi ndio uliomlisha. Alianza kuuigiza jukwaani, katika ukumbi wa chama Tukuyu, katikati ya ngonjera za kusifu kilimo cha chai. Wageni rasmi walisinzia kwenye ngonjera, wakaamka yeye alipoingia akipepesuka. Baadaye aliitwa redioni Dar es Salaam, na kwa kuwa huko hakuna wa kukuona ukipepesuka, akajifunza kuipepesusha sauti. Zilipofika enzi za ruksa, biashara huria ilipofunguliwa, vijana wakahamia kwenye mabanda ya video, naye akasahaulika kabisa, hadi watengeneza filamu walipomtafuta awe baba mkwe mshamba.

Hapo kichwa kikamvimba. Banda la video la Hasheem kule Ibighi lilijaa wiki nzima, na watu wazima na akili zao walimwiga barabarani. Alikosa mtazamaji mmoja tu: Atuganile, mke wa mwanawe Meshaki.

Atuganile alilelewa na bibi yake, akaishika mila ya Wanyakyusa ambayo wenzake walikwisha kuiacha, kwamba mke wa mwana haonani na baba mkwe. Akisikia tu kikohozi cha mzee, huyoo, migombani. Redioni alimsikiliza bila shida. Lakini Meshaki aliponunua televisheni ya kuwashwa kwa betri ya gari, na uso wa mkwe ukajaa kwenye kioo, Atuganile alijifunika kanga akatoka mbio, ndizi zikaungua jikoni. Majirani walimcheka yeye kuliko walivyoicheka filamu.

Ambindwile akanuna. Hiyo ndiyo heshima pekee iliyomsalia duniani, naye, kwa ujinga wake, akaiona tusi.

"Nchi nzima inanitazama," alimfokea Meshaki, "mkeo ananikimbia kama mbwa mwenye kichaa."

"Tata, anakuheshimu."

"Heshima haipigi makofi. Mwiko huo uondolewe."

Esnath, shangazi yake Meshaki, akaitwa, kuku akachinjwa, wakwe wakashikanishwa mikono. Jioni hiyo Atuganile aliketi mbele ya televisheni. Akamwona baba mkwe wake anatambaa sakafuni bila suruali, akimlilia mke wa mwanawe amwongezee pombe, huku akichapwa ufagio. Kwanza aliona haya, akainama. Halafu mabega yakaanza kumtikisika, na mwisho akacheka hadi akalala ubavu mkekani. Ambindwile alisikiliza akiwa nje ya dirisha, akaenda kulala na furaha ya mtu aliyeshinda uchaguzi.

Mwezi haukuisha, kaka yake akafariki kule Matwebe. Alfajiri Ambindwile alikwenda kumwarifu mwanawe, akipepesuka kwa uchungu, machozi yanamchuruzika. Atuganile akafungua mlango. Safari hii hakukimbia. Alimtazama usoni, akaanza kucheka.

"Kaka yangu amefariki," alisema Ambindwile.

Atuganile akashika mbavu. "Meshaki," aliita, "njoo umwone baba yako."